Uzi maalumu: Sara García, aliyeng'oa meno 14 ili awe bibi wa Meksiko nzima

MwanaChumbageni

Wakubwa shikamooni, wadogo zangu hamjambo.

Nipo Houston mwaka wa saba sasa. Mlio Texas au California mtakuwa mmeliona hili: ukiingia duka lolote lenye rafu ya vyakula vya Wameksiko kuna boksi la njano la pembe sita, limechorwa bibi mwenye nywele nyeupe na miwani. Ni chokoleti ya kunywa, vipande vigumu vya mviringo unavyoviyeyusha kwenye maziwa ya moto. Inaitwa Abuelita, yaani bibi, lakini bibi wa kudekewa, yule unayekimbilia ukichapwa na mama.

Nimenunua boksi lile miaka mitatu nikiamini sura ile ni mchoro wa kampuni tu. Siku moja mama mmoja wa Puebla, Meksiko, tunayefanya naye kazi jikoni aliniona nalo, akalipokea, akalibusu pale usoni. Nikamuuliza kama anamfahamu. Akaniambia: "Huyu ni Sara García. Siku aliyokufa, mama yangu mzazi alimlilia kuliko alivyomlilia shangazi yake."

Tangu siku ile nimemtafuta. Kihispania changu ni cha jikoni, cha kuulizia chumvi na vitunguu, lakini nimeshaangalia filamu zake zaidi ya 30, nyingine mara mbili mbili, na huyu mama wa Puebla ndiye mkalimani wangu siku za mapumziko. Nimeona nianzishe uzi kwa sababu humu kila siku tunazungumzia mastelingi. Nani kapiga watu wangapi, nani kalipwa ngapi. Sara García alicheza filamu zaidi ya 100, na katika nyingi kati ya hizo hakuwa stelingi. Alikuwa mama wa stelingi, bibi wa stelingi, shangazi wa msichana anayependwa na stelingi. Nyumba nyingi za Meksiko ukiwauliza leo majina ya vijana wazuri waliocheza naye watakutajia mmoja au wawili. Yeye hawamsahau.

Nianze alikotoka. Alizaliwa Orizaba, jimbo la Veracruz, tarehe 8 Septemba 1895. Wazazi wake walikuwa Wahispania wa Andalusia. Walizaa watoto wengi wakawazika, akabaki yeye. Baba akafa, yeye akiwa bado mdogo. Kisha Sara akaugua, mama yake akamuuguza, mama akaambukizwa. Mtoto akapona, mama akafa. Akawa yatima hana kaka wala dada, akalelewa Colegio de las Vizcaínas, shule ya bweni ya wasichana katika Jiji la Meksiko, jengo la mawe la tangu enzi za ukoloni wa Uhispania. Alipokua akabaki pale pale kufundisha kuchora.

Mwaka 1917 kampuni ya Azteca Film, iliyoanzishwa na mwigizaji Mimí Derba na wenzake, ilikuwa inapiga filamu bubu. Sara akaingia humo kama mtu wa kujaza picha, wale wanaopita nyuma bila jina. Alikuwa na miaka 21. Baada ya hapo akahamia jukwaani na kuzunguka nchi nzima na vikundi vya maigizo, miaka karibu ishirini kabla sinema haijamjua kwa jina.

Nitaendelea. Kuna habari ya meno, naomba nipate muda niielezee vizuri.

Kipanga wa Mikocheni

Tupo mkuu, endelea. Ila swali dogo: huyo tumwiteje kwa Kiswahili? Maana "mwigizaji msaidizi" kwangu haijakaa sawa, kama vile kazi yake ni kumbebea stelingi begi.

MwanaChumbageni

Swali zuri na sina jibu moja. Wengine husema mwigizaji wa pembeni. Mimi nawaza hivi: stelingi anaingia kwenye filamu na sura yake, na hadithi inashonwa imtoshe. Huyu mwingine anaingia hadithi ikiwa imeshashonwa, halafu yeye ndiye anajipunguza au kujipanua ili aenee. Kazi yake ni kuwa mtu fulani kamili ndani ya dakika sita. Hana muda wa kujieleza. Akitokea mlangoni tu, umeshajua huyu ni mama mwenye nyumba, mjane, mkali, ana pesa kidogo kafunga kwenye kitambaa.

Sasa meno.

Miaka ya thelathini kulikuwa na igizo la jukwaani, Mi abuelita la pobre, yaani bibi yangu maskini. Walitafutwa waigizaji, Sara akaitaka nafasi ya bibi. Alikuwa na miaka 39. Waandaaji wakamwona bado mwanamke mbichi, uso umejaa. Akaenda kwa daktari wa meno akang'olewa meno 14. Akarudi na wigi la mvi, akapewa.

Nilipoelezwa mara ya kwanza nilidhani ni porojo za mashabiki. Lakini angalia picha zake za kabla na baada. Meno ndiyo yanayoshikilia uso kwa ndani. Yakitoka, mashavu yanadidimia, mdomo unaingia ndani, kidevu kinapanda kuelekea pua. Hata maneno yanabadilika, herufi kama "s" na "f" zinapita na upepo. Na kumbuka filamu za sauti Meksiko zilikuwa changa wakati huo. Jukwaani mtu anaweza kujichora makunyanzi kwa penseli, na aliyekaa safu ya kumi akaamini. Kamera ikikusogelea usoni, penseli inaonekana ni penseli. Yeye hakuwa na cha kufuta.

Kwa hiyo wakati wanawake wa rika lake kwenye tasnia wanahangaika kuonekana wana miaka 25, yeye alikwenda kinyume, akaruka miaka thelathini mbele, akakaa huko akiwasubiri. Alipofika miaka 70 ya kweli, watu walishamzoea kama bibi kwa zaidi ya miaka thelathini.

Binti Rashidi

Jamani. Meno 14, mzima mzima? Mimi siwezi kusifia hili. Mwanamke kujiharibu mwili ili apate kazi siyo ushujaa, ni dalili kwamba kazi ilikuwa haina huruma. Mwanaume angeambiwa abandike ndevu tu, yakaisha.

Msanii wa Jukwaa

Binti Rashidi nakuelewa, na hoja yako ina uzito. Ngoja niongeze kama mtu niliyecheza jukwaani miaka kumi na kitu, na mara nyingi nimepewa mzee.

Kosa la kwanza la kijana anayecheza mzee ni kutetemeka. Anashika fimbo, anakunja mgongo, anatetemesha mkono na sauti. Mzee wa kweli anapigana na mtetemo, anajitahidi asionekane anatetemeka. Nimekwenda kumtazama huyu mama baada ya kusoma post ya kwanza. Hatetemeki. Anatembea upesi, anakalia kiti kama mtu anayejua kiti kipo wapi bila kugeuka. Uzee wake upo kwenye namna anavyotazama watu: hana haraka ya kuwapendeza. Hilo haling'olewi kwa daktari. Hata angebaki na meno yote angekuwa nalo.

Kwa hiyo mimi naona meno ni sehemu ndogo ya habari, ndiyo tu inayosimuliwa sana kwa sababu inatisha.

MwanaChumbageni

Msanii, umenifungua macho kwenye hilo la kiti, nitarudia kuangalia.

Binti Rashidi, sikupingi. Ila naomba uipime pamoja na hali yake. Mumewe, mwigizaji Fernando Ibáñez, ndoa ilivunjika kwa sababu ya wanawake wengine. Alipougua akarudi kwa Sara, Sara akamuuguza hadi kufa. Alikuwa na binti mmoja, María Fernanda. Yeye ndiye alikuwa baba na mama. Mwanamke wa miaka 39 jukwaani, siyo kisura wa kuwa mpenzi wa stelingi, alikuwa na njia mbili: kusubiri simu zikome au kutafuta uhusika ambao hautamwisha. Aliona mbali. Naomba tukubaliane kwamba lilikuwa chaguo lake hata kama mlango ulikuwa mwembamba.

Tuingie kwenye filamu zenyewe.

Ili kumwelewa inabidi ujue Meksiko ya wakati ule. Kuna kipindi wenyewe wanakiita Época de Oro, enzi ya dhahabu, kwa makisio kuanzia 1936 mpaka katikati ya miaka ya hamsini. Mwaka 1936 ilitoka Allá en el Rancho Grande, filamu ya nyimbo na farasi na wivu, ikauzwa nchi zote zinazosema Kihispania. Halafu vita kuu ya pili. Hollywood ikageukia filamu za vita, na Marekani ikawa inaipelekea Meksiko filamu mbichi za kurekodia huku ikiibania Ajentina, ambayo ilikataa kuchukua upande. Studio za Meksiko zikapata mikanda, mitambo, na soko lililoachwa wazi kuanzia Kuba hadi Chile. Zikawa zinatoa filamu nyingi kila mwaka, na kila filamu inahitaji mama.

Mama huyo akawa ni yeye. Mwaka 1941 ikatoka Cuando los hijos se van, yaani watoto wanapoondoka, ya mwongozaji Juan Bustillo Oro. Baba ni Fernando Soler, mama ni Sara. Baba anamfukuza kijana wake Raimundo kwa kosa ambalo si lake. Mama peke yake ndiye anayemwamini. Ni filamu ya machozi, sitawadanganya, vinanda vinalia kila kona. Lakini kuna kitu nilipokigundua nilisimamisha filamu nikakaa kimya.

Oktoba 1940 bintiye María Fernanda alikufa kwa homa ya matumbo. Alikuwa na umri wa miaka ishirini hivi, naye alishaanza kuigiza: yeye ndiye msichana aliyecheza na mwimbaji na stelingi Jorge Negrete katika La madrina del diablo ya 1937, filamu ya kwanza ya Negrete. Mtoto pekee. Na mwaka uliofuata mama yake yuko mbele ya kamera anacheza mama anayempoteza mwana.

Sijui namna ya kuandika zaidi ya hapo. Kaangalieni uso wake katika sehemu za mwisho.

Kipanga wa Mikocheni

Dah.

Mzee wa Picha Negativu

Vijana hongereni kwa uzi. Naomba mchango wangu uwe wa kupingana kidogo.

Huyo Sara García ni mkubwa, sikatai. Lakini ukiniambia nitaje mwigizaji wa pembeni wa Meksiko aliyenitia baridi mgongoni, nitakutajia Miguel Inclán. Tazama Nosotros los pobres ya 1948. Yeye ni yule mvuta bangi anayempiga bibi kiwete asiyeweza kusema. Watu walimchukia kweli kweli. Miaka miwili baadaye ni yule kipofu katika Los olvidados ya Luis Buñuel, mwanamuziki wa mtaani, ambaye unaanza kwa kumhurumia na kumaliza ukimwogopa. Kati ya hapo kacheza askari mpole katika Salón México, na kavuka mpaka akamcheza Cochise, mkuu wa Waapache, katika Fort Apache ya John Ford. Mtu mmoja. Sura moja. Hakuna anayefanana na mwenzake.

Huyo ndiye mwenye ufundi. Sara García alicheza bibi yule yule mara mia.

MwanaChumbageni

Mzee wangu shikamoo. Inclán nimemwona kama yule kipofu, na usiku ule sikulala vizuri. Nakubali kila ulichosema juu yake.

Lakini "bibi yule yule mara mia" hapana, hapo naomba nisimame.

Chukua Los tres García ya 1947, ya Ismael Rodríguez. Binamu watatu, wote wanaitwa García, wote wanampenda msichana mmoja aliyekuja kutoka Marekani, na hawaelewani. Pedro Infante, stelingi na mwimbaji, ni mmoja wao, Abel Salazar mwingine, Víctor Manuel Mendoza wa tatu. Bibi yao ni Doña Luisa García, mjane wa García. Huyu siyo bibi wa kulia. Anavuta sigara kubwa za tumbaku, ana mkongojo, na mkongojo ule hautembelei, anachapia nao wajukuu. Wanaume wazima wenye bastola kiunoni wanapangwa mstari wanachapwa. Wakati huo Sara ana miaka 51, Infante ana 29. Angeweza kuwa mama yake wa kumzaa, tena bila kuhesabu sana.

Mama wa Puebla anasema nyumbani kwao kila familia ilidai kuwa na Doña Luisa wao. Na ukitazama vizuri utaona kwamba bibi huyu anawachapa kwa sababu anaogopa. Familia yao ina uadui wa damu na familia nyingine, wanaume wamekuwa wakiuawa, na waliobaki ni hawa watatu. Kila fimbo anayopiga anasema ndani yake, msife kijinga. Sara hasemi hilo kwa mdomo. Analionyesha akishawageuzia mgongo, uso unapolegea.

Sasa mlinganishe huyo na mama wa 1941 anayenyamaza na kuteseka. Ni watu wawili tofauti kabisa waliovaa mvi zile zile.

Hamoud wa Muscat

Assalaam aleykum jamaa. Nimekuwa nikisoma kimya. Nauliza, huyu mama ndiye aliyecheza na Joaquín Pardavé katika ile filamu ya Walebanoni? Mimi niliwahi kuiona kwa rafiki yangu mwenye asili ya Lebanoni, babu yake ana ndugu waliohamia Meksiko.

MwanaChumbageni

Waaleykum salaam. Ndiye khasa! El baisano Jalil, 1942. Pardavé ndiye Jalil, mfanyabiashara Mlebanoni katika Jiji la Meksiko, Sara ni mkewe. Hamoud wewe utafaidi kuliko sisi wote, maana utani wa jina lenyewe umekaa kwenye Kiarabu: Kihispania ni "paisano", mtu wa kwetu, lakini Mwarabu hana herufi ya "p" akampachika "b". Wahamiaji wa Lebanoni na Siria walianza kufika Meksiko mwishoni mwa karne ya 19, wengi wakianza kwa kubeba bidhaa mabegani kijiji kwa kijiji. Filamu inacheka lafudhi yao, lakini inamwonyesha Jalil ana moyo mkubwa kuliko Wameksiko wenye majina makubwa wanaomdharau huku wanamwomba mikopo. Na Sara pale, mtoto wa Wahispania, anacheza mwanamke wa Kiarabu kwa heshima, hamfanyi kikaragosi. Miaka minne baadaye wakacheza tena pamoja katika El barchante Neguib.

Hamoud wa Muscat

Ahsante sana. Na sisi tunajua maana ya kuondoka na mzigo begani ukafungue duka ugenini. Nitaitafuta tena.

Msanii wa Jukwaa

Mkuu, Mzee wa Picha Negativu aligusia kwamba alijinasa kwenye uhusika mmoja. Je, aliwahi kujaribu kutoka?

MwanaChumbageni

Alijaribu, tena mara kadhaa, na hapa ndipo ninapompenda zaidi.

Kwanza kuna Las señoritas Vivanco ya 1959. Yeye na Prudencia Grifell, mkongwe mwingine mzaliwa wa Uhispania, ni mabibi wawili wa ukoo wa heshima waliofilisika, wanaamua kuwa wezi. Wanaiba kwa adabu kabisa. Ilipendwa, ikazaa ya pili. Hawa wawili walikuwa na mapatano ya ajabu mbele ya kamera; katika La tercera palabra walicheza mashangazi waliomlea Pedro Infante porini. Infante alikufa kwa ajali ya ndege Mérida, Aprili 1957, hivyo ile ni kati ya filamu za mwisho mwisho za Sara na Infante kuwa pamoja.

Lakini pigo kubwa ni Mecánica nacional, ya Luis Alcoriza, 1972. Enzi ya dhahabu imeshakufa zamani. Alcoriza anaikusanya familia ya fundi magari, Manolo Fábregas na Lucha Villa, wanakwenda kulala kando ya barabara kusubiri mwisho wa mashindano ya magari. Pombe, matusi, uzinzi, ugomvi. Wamembeba na bibi. Na bibi ni Sara García mwenyewe, bibi mtakatifu wa taifa, miaka 76, na bibi huyu anatukana. Matusi ya nguoni. Anakula bila breki, anavimbiwa, anakufa. Familia wamekwama kwenye foleni ya magari na maiti ndani ya gari.

Mama wa Puebla alikuwa msichana ilipotoka. Anasema baba yake alikasirika kana kwamba katukanwa mama yake. Na Alcoriza alilitaka hilo hilo. Bila Sara filamu ile ingekuwa vurugu za walevi tu. Kumweka yeye pale, na kuacha maiti yake isahaulike watu wakiangalia magari, ni kuwaambia Wameksiko, yule bibi mnayemlilia kwenye sinema mmemfanyia nini nyumbani? Angeweza kukataa. Alikuwa na kila sababu ya kulinda jina. Hakukataa.

Mwaka mmoja tu baada ya hapo, 1973, kiwanda cha chokoleti cha La Azteca ndipo kinaweka sura yake kwenye boksi. Baadaye Nestlé wakakinunua, boksi likabaki na sura. Kwa hiyo bibi ninayemnunua Houston ni bibi ambaye alikuwa ametoka kutukana kwenye sinema nchi nzima ikimsikia. Hawakuweza kumwacha.

Binti Rashidi

Hapo sasa umeniteka. Huyo wa matusi ndiye nitaanza naye.

Achieng wa Umoja

Niingilie. Mimi ni wa Nairobi, tumelelewa na telenovela za Kimeksiko zilizotiwa sauti za Kiingereza, nyanya yangu alikuwa hazimpiti ingawa Kiingereza hakujua hata kidogo. Alikuwa anafuata nyuso. Sasa nauliza, huyu alifika kwa runinga? Maana kila telenovela niliyoona ilikuwa na yule mama mzee wa jikoni anayejua siri zote za nyumba.

MwanaChumbageni

Achieng, alifika, na swali lako limegonga penyewe. Mwaka 1974 ilianza Mundo de juguete, dunia ya vitu vya kuchezea. Ilikwenda hadi 1977, sehemu zaidi ya 600, moja ya tamthilia ndefu kuliko zote zilizowahi kutengenezwa Meksiko. Imetokana na tamthilia ya Ajentina. Kisa ni msichana mdogo Cristina, aliyechezwa na Graciela Mauri, amefiwa na mama, anasoma shule ya masista. Sara alikuwa nana Tomasita, mzee anayempa faraja mtoto.

Fikiria kazi hiyo. Filamu unapiga wiki chache unakwenda kupumzika. Tamthilia ya kila siku ni kurasa mpya kila asubuhi, na yeye alikuwa anakaribia miaka 80. Lakini hapo ndipo kizazi kipya kikampata. Wazazi walimjua kama Doña Luisa wa mkongojo, watoto wao wakamjua kama nana Tomasita. Mwaka 1978 alikuwemo pia katika Viviana, tamthilia iliyombeba Lucía Méndez.

Kuhusu yule mama wa jikoni anayejua siri zote: siwezi kusema Sara ndiye aliyemuumba, mlezi wa aina hiyo yupo kwenye hadithi za watu wengi. Lakini alipokuja kwenye runinga alikuja na sura ambayo watazamaji walishaipa imani miaka arobaini. Nyanya yako aliyefuata nyuso bila kujua lugha, nadhani yeye na Sara wangeelewana.

Achieng wa Umoja

Umenikumbusha nyanya. Asante.

Mzee wa Picha Negativu

Nimeangalia Mecánica nacional jana usiku. Nafuta kauli ya bibi yule yule mara mia. Inclán simwachi, ila huyu mama nilimkosea.

Kipanga wa Mikocheni

Mkuu, na maisha yake nje ya kamera? Baada ya binti kufa aliishi na nani?

MwanaChumbageni

Mzee wangu, asante kwa kurudi kuangalia.

Kipanga, aliishi na Rosario González Cuenca. Walijuana toka enzi za kuzunguka na maigizo, Sara akiwa bado mama kijana. Waliishi nyumba moja miongo mingi. Rosario alishughulikia mikataba, nyumba, safari, chakula. Watu wanaandika mambo mengi juu ya wawili wale, mimi siyaingii. Ninachokiona ni kwamba mwanamke aliyezika wazazi, ndugu, mume na mtoto pekee alikuwa na mtu wa kumfungulia mlango akirudi kutoka studio.

Alifariki Jiji la Meksiko tarehe 21 Novemba 1980, miaka 85, baada ya kuanguka na afya kudorora. Kaburi lake lipo Panteón Español.

Kwa anayetaka kuanza: Los tres García kwanza, halafu El baisano Jalil, na Mecánica nacional iwe ya mwisho, la sivyo yale matusi hayatakuuma inavyopaswa. Binti Rashidi nakuomba uvumilie.

Vuelven los García, ile ya pili, bado sijaimaliza. Ndani yake Doña Luisa anakufa, na Infante analewa anakwenda kumlilia kwa wimbo aliokuwa akimwimbia akiwa hai. Mama wa Puebla amekataa kuitazama na mimi mara mbili, anasema ile siyo filamu, ule ni msiba. Jumapili hii kakubali. Kaniambia yeye ataleta mkate, mimi nichemshe chokoleti. Nitaleta mrejesho.